Erik Matti wa Ufilipino: je, kweli ni mwongozaji wa filamu za mapigano, na nianzie ipi?

Mtazamaji wa Usiku ameuliza:

Ndugu wanajukwaa, salaam. Juma lililopita nilitazama BuyBust, filamu ya Kifilipino ya mwaka 2018 iliyoongozwa na Erik Matti, na tangu nilipoimaliza sijaamua kama nimeona kazi ya fundi au fujo iliyopigwa picha vizuri. Kwa ambao hawajaiona, kikosi cha askari wa kupambana na dawa za kulevya kinaingia usiku katika mtaa wa mabanda jijini Manila kumnasa muuzaji mmoja, mtego unawageukia wenyewe, njia zote za kutokea zinafungwa, na kuanzia hapo, mvua ikinyesha bila kukoma, watu wanauana kwa risasi, kwa visu, kwa nondo na kwa chochote kinachopatikana jikoni. Anne Curtis, ambaye kwao alizoeleka zaidi katika filamu za mapenzi na vipindi vya televisheni, anapigana humo mpaka mtazamaji naye anachoka viungo, na kuna pigano moja la dakika kama tatu ambamo kamera inamfuata bila kukatwa hata mara moja.

Sasa, sisi tuliokulia kwenye vibanda umiza tumezoea kwamba steringi anajulikana tangu mwanzo na adui naye ana sura yake, hata kama anafichwa mpaka dakika za mwisho. Katika filamu hii nilimwona steringi, lakini adui kila nilipomtafuta nilikuta umati. Naomba kufahamishwa kama hiyo ndiyo desturi ya mwongozaji huyu au ni filamu hii tu, na kama nikitaka kumjua vizuri nianzie wapi. Nimeona pia kwamba mwaka 2021 aliingia katika mashindano makuu ya tamasha la Venice, jambo ambalo kwa mtu wa ngumi na risasi ni nadra.

Karani Mstaafu amejibu:

Ndugu Mtazamaji, umeingilia mlango wa uani. BuyBust ni kelele za mtu ambaye miaka mitano kabla yake alikwisha kulisema jambo lilelile kwa sauti ya chini, na mimi ningekusihi uanze na hiyo sauti ya chini, yaani On the Job ya mwaka 2013.

Msingi wa hadithi unaelezeka kwa sentensi moja. Wafungwa wanatolewa gerezani kwa siri, wanapewa bastola na picha ya mtu, wanaua, wanalipwa, kisha wanarudishwa kulala nyuma ya nondo, na hakuna mpelelezi atakayemshuku mtu ambaye vitabu vya serikali vinaonyesha kwamba siku ya tukio alikuwa kifungoni. Matti ameeleza kwamba kisa hicho alikipata kwa dereva wa gari la kazi, mtu aliyewahi kufungwa, na kwamba kilimkaa moyoni kwa miaka kadhaa kabla ya yeye na mwandishi Michiko Yamamoto kukigeuza kuwa muswada. Joel Torre anacheza muuaji wa umri mkubwa anayeitwa Tatang, neno ambalo kwao ni namna ya kumwita baba au mzee kwa heshima, na Gerald Anderson anacheza kijana Daniel, mwanagenzi wake. Muda wa Tatang kuachiwa huru unakaribia, kwa hiyo kazi inahitaji mrithi, na mzee anamfundisha kijana kuua kwa upole uleule ambao fundi seremala humfundisha mtu kushika randa. Upande wa sheria nako kuna mzee na kijana: Joey Marquez ni sajenti wa polisi aliyebanwa pembeni kwa sababu hanunuliki, na Piolo Pascual ni mpelelezi msomi wa ofisi ya taifa ya upelelezi ambaye ameoa binti wa mbunge, na mbunge huyo ana marafiki ambao ingekuwa heri asingekuwa nao.

Niliitazama mara ya kwanza kama filamu ya mauaji. Mara ya pili ndipo nilipoona kwamba kila mtu humo anazungumzia ajira: nani amemtafutia nani nafasi, nani atapandishwa, nani amezeeka na nafasi yake apewe nani, bosi amekasirika au ameridhika. Hata jina la filamu kwa Kiswahili lingekuwa “Kazini”. Taharuki yake inatoka huko. Mauaji yenyewe yanakuja haraka, mchana kweupe, katikati ya watu, wala hatufichwi atakayeuawa. Kinachotufanya tukae ukingoni mwa kiti ni kujiuliza mwajiri ataamua nini kuhusu wafanyakazi wake wanne hawa, wawili wa jela na wawili wa serikali, ambao hawajui kwamba mshahara wao unatoka katika mfuko mmoja.

Kuhusu adui asiye na sura, katika filamu hii anayo, maana ni jenerali anayetaka kuwa seneta. Lakini kumjua hakumsaidii mtu yeyote, na nadhani hapo ndipo Matti alipoanza kuelekea kwenye ule umati wako wa BuyBust. On the Job ilionyeshwa katika tamasha la Cannes, Ufaransa, mwezi Mei 2013, katika safu ya Waongozaji inayokwenda sambamba na mashindano makuu, na Joel Torre akapewa tuzo ya uigizaji katika tamasha la Puchon, Korea Kusini.

Mpwani wa Doha amejibu:

Mzee Karani amesema kweli, nami nitaongeza la upande wangu. Nipo Doha mwaka wa sita, na chumba chetu cha kampuni tunalala sita, wanne kati yetu ni Wafilipino. Hao ndio walionitazamisha On the Job: The Missing 8, ile iliyokwenda Venice, siku mbili za mapumziko mfululizo kwa sababu ina dakika 208 na hakuna aliyeweza kuimaliza usiku mmoja akaamka kwenda zamu.

Hii inahamia katika mji wa mkoani wa kubuni uitwao La Paz. John Arcilla anacheza Sisoy, mtangazaji wa redio ambaye kazi yake ya kila siku ni kumsifu meya hewani, kuwabeza wapinzani wa meya na kupiga gumzo na wanaopiga simu. Kisha watu wanane wanatoweka, mmoja wao akiwa mhariri wa gazeti na rafiki yake wa siku nyingi, na yule mpambe wa meya anaanza kuuliza maswali ambayo mdomo wake haujazoea kuyauliza. Sambamba naye yupo mfungwa muuaji, anayechezwa na Dennis Trillo, kwa mpango uleule wa kutolewa jela na kurudishwa.

Wenzangu walininyamazisha kila nilipocheka pale mwanzoni, maana Sisoy ni mchekeshaji hasa. Mmoja anayetoka kusini, Mindanao, aliniambia kwamba watangazaji wa namna hiyo kwao ni wa kweli kabisa, na kwamba wengi wa waandishi wa habari waliouawa nchini mwao ni watu wa redio za mikoani, sio wa magazeti makubwa ya Manila. Akanikumbusha Maguindanao, tarehe 23 Novemba 2009, watu 58 walipouawa kwa pamoja katika msafara wa kwenda kuwasilisha fomu za mgombea, na 32 kati yao walikuwa wanahabari. Filamu haisimulii tukio hilo, lakini Mfilipino hawezi kusikia maneno “wanane wametoweka” na “meya” katika sentensi moja bila kulikumbuka.

Arcilla alipata Kombe la Volpi la mwigizaji bora wa kiume, Mfilipino wa kwanza kulipata, na kwa kuwa hakuwepo Venice ni Matti aliyepanda jukwaani kulipokea. Chumbani kwetu lakini hakuna anayemwita Arcilla. Wawili humwita Heneral Luna, kwa filamu ya mwaka 2015 aliyocheza kama jenerali huyo, na mmoja anamwita kwa jina la yule mwanasiasa mwovu aliyemcheza kwa miaka mingi katika tamthilia ya televisheni, tena anamwita kwa hasira ya kweli.

Bi Mhariri amejibu:

Kaka zangu, mnavyosimulia mtu atadhani Matti alizaliwa mwaka 2013. Alikuwa amekwisha kuongoza filamu kwa miaka kumi na minne, na ukiiruka miaka hiyo hutaelewa kwa nini anapiga picha usiku anavyopiga.

Anatoka Negros, katika visiwa vya Visayas vya katikati ya Ufilipino, akasomea Bacolod, na kazi aliijifunza kwa Peque Gallaga na mwenzake Lore Reyes. Gallaga ndiye aliyeongoza Oro, Plata, Mata ya mwaka 1982, hadithi ya familia za kitajiri za Negros wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, na alikuwa mtu asiyeona aibu kutoka kwenye filamu ya heshima kwenda kwenye ya mapepo na kurudi. Mwanafunzi alirithi tabia hiyo. Mwaka 1999 alitoa filamu yake ya kwanza, Scorpio Nights 2, mwendelezo wa filamu ya mahaba na mauaji ambayo mwalimu wake aliitoa mwaka 1985, na mwaka huohuo akatoa Ekis, ya mapigano. Wakati ule filamu za mapigano za Kifilipino zilikuwa zinazikwa. Kizazi cha steringi Fernando Poe Jr. kilikuwa kimezeeka, kumbi zimejaa filamu za Marekani, na kwa kejeli ya historia steringi mmoja wa kizazi hicho, Joseph Estrada, alikuwa ameketi Ikulu kama rais. Miaka iliyofuata Matti alifanya kila alichopata: Gagamboy ya mwaka 2004, kuhusu mwuza aiskrimu anayemeza buibui akapata nguvu, na mwaka 2005 Exodus, filamu ya njozi ambayo steringi wake, Bong Revilla, alikuwa seneta aliye madarakani. Kwa hiyo mnapoona wanasiasa katika filamu zake wakizungumza kama waigizaji, msidhani ametia chumvi.

Kwangu mimi filamu ya kuitazama kabla ya zote ni Tiktik: The Aswang Chronicles ya mwaka 2012, iliyopigwa yote mbele ya pazia la kijani, mandhari yakawekwa baadaye kwa kompyuta. Aswang ni kiumbe wa masimulizi ya Visayas, mtu mchana na mla watu usiku, anayependa hasa mimba, na hufukuzwa kwa chumvi, kitunguu saumu na mkia wa taa, samaki ambaye watu wa Pwani hawahitaji kuelezwa mkia wake unavyochapa. Kijana mtukutu wa mjini anamfuata kijijini mpenzi wake mjamzito, usiku unaingia, nyumba inazingirwa. Ni hivyo tu. Sasa Mtazamaji, iweke kando ya BuyBust: kundi dogo la watu, usiku, mahali palipofungwa, silaha za kuokoteza, na wanaokuja ni wengi kuliko risasi. Ni filamu ileile. Mwaka 2018 Matti amewatoa aswang akaweka wakazi wa mtaa wa mabanda, na ndiyo maana hukumwona adui. Uliwekwa ndani ya filamu ya mazimwi bila kuambiwa.

Yapo mawili mengine ya kutafuta. Katika Honor Thy Father ya mwaka 2015, John Lloyd Cruz ni mume wa mwanamke ambaye baba yake aliendesha upatu kwa kutumia waumini wa kanisa lao, mzee anauawa, fedha hazionekani, na waliotapeliwa wanabisha hodi. Sisi ambao tumeona upatu ukihubiriwa na watu wa dini tutaielewa kuliko wakosoaji wa Toronto walioiona kwanza. Desemba ya mwaka huo iliingia katika Tamasha la Filamu la Manila, lile ambalo kuanzia tarehe 25 Desemba kumbi za jiji huonyesha filamu za nyumbani pekee, na siku moja kabla ya usiku wa tuzo ikaondolewa katika kinyang'anyiro cha filamu bora kwa hoja kwamba ilikwisha kufungua tamasha lingine. Zogo lake lilifika bungeni. Mwaka uliofuata Matti alirudi palepale na Seklusyon, hadithi ya mashemasi waliofungiwa nyumbani siku saba kabla ya kupewa upadri, mwaka 1947, akaondoka na tuzo ya mwongozaji bora.

Sauti ya Pili amejibu:

Uchambuzi wa Bi Mhariri ni mzuri sana, na kwa sababu ni mzuri ndiyo unanipa shida. Kama wakazi wa mtaa ule wamewekwa mahali pa aswang, basi mwongozaji ametenda kosa ambalo anadai kulilaani.

Tukumbuke filamu ilitoka lini. Rodrigo Duterte alishika madaraka tarehe 30 Juni 2016 akiwa ameahidi vita dhidi ya dawa za kulevya, na kwa hesabu ya serikali yenyewe zaidi ya watu 6,000 waliuawa katika operesheni za polisi kabla hajaondoka, karibu wote wakiwa watu wa mitaa kama ile. Matti anataka tuone kwamba polisi, wauzaji na wakubwa wanaowalinda ni mnyororo mmoja, na nakubali kwamba anauonyesha. Nakubali pia kwamba wakazi wanapewa sababu: wamechoka kuzika watu wao, na hasira yao inawageukia polisi na wauzaji bila kuchagua. Lakini sababu hiyo inatajwa kwa dakika chache, halafu kwa saa nzima watu haohao wanatokea gizani kama nzige ili Anne Curtis na Brandon Vera wapate wa kupiga. Brandon Vera alikuwa mpiganaji wa kulipwa, na kumwona akiwavunja mafukara mmoja baada ya mwingine hakunifurahisha hata kama ndiyo kazi aliyoajiriwa.

Tazama Ma' Rosa ya Brillante Mendoza, ya mwaka 2016, iliyompatia Jaclyn Jose tuzo ya mwigizaji bora wa kike Cannes. Biashara ni ileile, mtaa ni wa namna ileile, polisi ni walewale. Mama mwenye kiduka anayeuza vifurushi vidogo vya dawa anakamatwa, na watoto wake wanahangaika usiku kucha kutafuta fedha ya kumkomboa. Hakuna hata risasi moja ya kukumbukwa, na taharuki inaubana moyo kuliko mapigano yote ya BuyBust.

Karani Mstaafu amejibu:

Ndugu Sauti ya Pili, nakubaliana nawe kuhusu lile saa la katikati, nami hulipeleka mbele kila ninapoirudia. Ila Mendoza anatuweka karibu na mtu mmoja mpaka tumhurumie, ilhali Matti, akiwa katika kiwango chake, hutuweka mahali ambapo huruma ya mtu mmoja haibadilishi kitu kwa sababu mwajiri yuko mbali. Ninachomlaumu katika BuyBust ni kwamba alimsahau mwajiri mpaka karibu na mwisho.

Mtazamaji wa Usiku ameandika:

Nimerudi, ndugu zangu, na nawashukuru nyote. Nimeitazama On the Job mara mbili, kama alivyoagiza Mzee Karani, na Tiktik mara moja, ambayo watoto walikuja kuitazama bila ruhusa wakakataa kulala peke yao.

Kilichonigusa hakikutajwa na yeyote. Kila Tatang anapotoka kuua hupita nyumbani. Anaingia kwake kama mgeni mwenye bahasha, mke ameanza kumzoea kama mtu wa kuja na kuondoka, binti anasoma sheria kwa fedha hiyohiyo, na anakaa kidogo tu kisha muda wake umekwisha. Gerezani, kinyume chake, anajulikana, ana nafasi yake, ana watu wa kula nao. Nilianza kuelewa kwa nini uhuru unaomkaribia unamtisha zaidi ya polisi. Baada ya kuliona hilo, lile tendo la mwisho analolifanya, ambalo sitalitaja kwa ajili ya wasioiona, halikunishangaza, ingawa nililala nikiliwaza.

Swali langu dogo ni kwamba jirani yangu ana nakala ya sehemu sita yenye jina hilohilo la On the Job. Je, hiyo ni filamu ya tatu?

Mpwani wa Doha amejibu:

Hapana kaka, ni hizohizo mbili. Mwaka 2021 HBO ya Asia iliziunganisha kuwa mfululizo: sehemu mbili za mwanzo ni ile ya mwaka 2013 iliyohaririwa upya, na nne zilizobaki ni The Missing 8. Kwa kuwa ya kwanza umekwisha kuiona, anzia sehemu ya tatu. Na hayo uliyoyasema ya bahasha niliwasomea wenzangu chumbani kwa kuwatafsiria. Yule wa Mindanao hakusema kitu, alichukua simu akatoka nje kuwapigia wa kwao.